Karema: Ngome ya Mfalme Iliyogeuka Parokia

Mwaka 1879 Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji alinunua tembo wanne India, akawasafirisha kwa meli hadi Msasani, jirani na Dar es Salaam. Tembo hao walikuwa wamefunzwa kazi, na mfalme alitaka wachukue nafasi ya wapagazi katika njia ya kwenda Ziwa Tanganyika. Wapagazi waliugua na kutoroka, tena walidai malipo; mfalme aliamini tembo hawana tabia hizo. Msafara ukaongozwa na Mwairishi aitwaye Frederick Carter, ukapita Mpwapwa na Tabora, na njiani tembo wakawa wanaanguka mmoja baada ya mwingine. Aliyebaki hai alifika Karema mwishoni mwa mwaka huo. Carter mwenyewe hakuirudia pwani. Alipokuwa njiani kurudi, mwaka 1880, aliuawa Mpimbwe pamoja na mwenzake Cadenhead, wakati eneo hilo liliposhambuliwa na wapiganaji wa Mtemi Mirambo na washirika wake.

Mpimbwe na Karema zote leo zimo katika Mkoa wa Katavi. Anayesafiri kutoka Mpanda kwenda kuiona bandari mpya ya Karema, mwendo wa takriban kilomita 120 kuelekea magharibi, anaingia katika kijiji ambacho kilikuwa kwenye ramani za Ulaya miaka 70 kabla ya Mpanda kuwa mji. Mpanda ililelewa na madini ya risasi na reli ya kutoka Kaliua, iliyofika mwaka 1950. Kanisa la karne ya 19 mjini Mpanda halipo, wala halitegemewi kuwepo. Anayetaka kujua ukristo wa Katavi ulianza wapi, na majengo yake yalianzaje, hana budi kuteremka hadi ziwani.

Kilichojengwa kwanza pale hakikuwa kanisa. Agosti 1879 Kapteni Ernest Cambier, ofisa wa jeshi la Ubelgiji, alifika Karema kwa niaba ya Jumuiya ya Kimataifa ya Afrika, chombo cha Leopold kilichojitambulisha kwa kazi ya sayansi na kupinga biashara ya watumwa. Alipata kiwanja kwa mtemi wa hapo, Yassagula, akaanza ujenzi juu ya mwinuko karibu na maji. Mpango wake ulikuwa wa kijeshi moja kwa moja: ukuta wa kuzunguka, pembe zilizotokeza nje ili mlinzi aone pande mbili kwa wakati mmoja, na ndani yake nyumba za kulala, ghala na ua. Vifaa vilikuwa vya hapo hapo: udongo, majani, miti ya msituni, na tofali zilizokaushwa juani.

Maofisa waliomfuata waliendelea kuongeza na kubomoa. Kapteni Jules Ramaeckers alipokea kituo akafariki hapo hapo mwaka 1882. Luteni Jérôme Becker, aliyefanya kazi naye, alirudi Ulaya akaandika kitabu kikubwa juu ya maisha ya kituo hicho, kilichochapishwa mwaka 1887. Mvumbuzi Mskoti Joseph Thomson, aliyepita Karema wakati ngome ikiwa changa, hakuficha mshangao wake kwamba mtu mwenye akili alichagua mahali pale.

Ziwa lenyewe lilimuunga mkono Thomson. Miaka ile ya mwisho ya 1870, Mto Lukuga, mlango wa Ziwa Tanganyika upande wa Kongo, ulizibua tope na mimea iliyokuwa imeuziba. Maji yakaanza kutoka kwa wingi na kina cha ziwa kikashuka mwaka hadi mwaka. Ngome iliyojengwa ili boti zifike chini yake ikajikuta imetengwa na maji kwa uwanda mpana wa tope na majani. Mbu walifurahi, Wabelgiji hawakufurahi.

Kipindi cha giza zaidi cha ngome hii ni cha Luteni Émile Storms, aliyefika mwaka 1882. Kutoka Karema alivuka ziwa akaanzisha kituo cha pili Mpala, katika Kongo ya leo, akaanza kujiona mtawala wa pande zote mbili. Desemba 1884 watu wake walimshambulia Mtemi Lusinga wa Watabwa, wakamuua na kumkata kichwa. Storms alilisafirisha fuvu hilo hadi Ulaya, na limehifadhiwa Brussels katika taasisi ya sayansi ya asili. Mwaka 2022 sanamu ya Storms iliyosimama katika uwanja mmoja wa mji huo iliondolewa. Mazungumzo juu ya majengo ya kale ya Karema hayawezi kuliruka jambo hili. Baadhi ya amri za vita zile zilitolewa na mtu aliyeiita ngome hii makao yake.

Kisha ukaja mkutano wa Berlin wa 1884 na 1885, na ramani ikachorwa upya mezani. Leopold alipata Kongo, mpaka wake ukiwa ziwa. Pwani ya mashariki ikaangukia kwa Wajerumani. Kituo cha Karema kikawa mzigo usio na faida kwake. Mwaka 1885 akakikabidhi, pamoja na kile cha Mpala, kwa Wamisionari wa Afrika, shirika lililoanzishwa Algiers mwaka 1868 na Kardinali Charles Lavigerie, ambalo watu wa Tabora na Ufipa wamelizoea kwa jina la Mapadre Weupe. Walikuwa wamekwisha kufika Ujiji tangu 1879. Sasa walipewa ngome iliyokamilika, na silaha zake, na watu waliokuwa wamejikusanya chini ya ulinzi wake.

Hapa ndipo habari ya usanifu inaponoga. Katika nchi nyingi kanisa hujengwa kwanza, na ukuta wa ulinzi ukajengwa baadaye likitishiwa. Karema iliendeshwa kinyume: ukuta ulitangulia, altare ikaingia ndani yake. Mapadre hawakubomoa ngome, walihamia humo. Chumba cha ofisa kikawa chumba cha padre, ghala la bunduki likapata kazi nyingine, ua wa gwaride ukawa mahali pa watoto kujifunza katekisimu. Walikuwa na sababu. Misafara ya watumwa ilikuwa bado inavuka ziwa, na wakubwa wa biashara hiyo, kama Muhammad bin Khalfan aliyejulikana zaidi kwa jina la Rumaliza, walikuwa na nguvu kuliko mmisionari yeyote. Wengi wa wakazi wa mwanzo wa misheni walikuwa watoto na watu wazima waliokombolewa kutoka utumwani. Kwao ukuta ule mnene ulikuwa na maana tofauti kabisa na ile aliyoikusudia Cambier.

Kwa miaka kadhaa mapadre walikuwa pia watawala: waliamua kesi, waligawa mashamba, walitoza adhabu. Ni jambo la kuulizwa maswali, na wanahistoria wameyauliza. Lakini ndiyo sababu kijiji kizima kilipangwa kulizunguka kanisa, nyumba zikielekea njia kuu, mashamba nyuma yake, ziwa mbele.

Maaskofu wa mwanzo hawakuishi muda mrefu. Jean-Baptiste Charbonnier aliwekwa wakfu Kipalapala, Tabora, Agosti 1887. Machi 1888 akafia Karema. Aliyemrithi, Léonce Bridoux, alifariki mwaka 1890. Wa tatu, Adolphe Lechaptois, aliteuliwa 1891 na kwa bahati ya Karema aliishi hadi 1917. Robo karne ile ndiyo iliyoigeuza ngome kuwa makao ya kiaskofu kweli kweli, yenye kanisa la matofali, shule, seminari, masista na zahanati. Askofu alikuwa pia mtafiti: kitabu chake juu ya watu wa pwani za Tanganyika, kilichotoka mwaka 1913, bado kinatumiwa na wanaosoma historia ya Wafipa na Wabende. Alifia Karema, Novemba 1917, katikati ya vita kuu.

Lakini jina ambalo watu wa Karema walilibeba zaidi si la askofu yeyote. Ni la Adrian Atiman. Alizaliwa karibu mwaka 1866 kandokando ya Mto Niger, si mbali na Timbuktu, akaibwa akiwa mtoto na kuvushwa jangwa la Sahara kama bidhaa. Mapadre walimnunua Algeria wakamwachia huru, wakamsomesha, kisha akapelekwa kisiwa cha Malta kujifunza uganga wa kisasa. Mwaka 1889 aliingia Karema, daktari na katekista kwa pamoja, akaoa binti wa ukoo wa kitemi wa Wabende, na mwanawe Joseph baadaye akawa padre. Atiman alitibu, alizalisha, alipasua na kung'oa meno pale Karema hadi alipofariki mwaka 1956. Hiyo ni miaka 67. Aliwatibu watu wa enzi ya Rumaliza, akawatibu na vitukuu wao enzi za TANU. Kaburi lake liko Karema, na kama kuna sababu moja tu ya Mtanzania asiye Mkatoliki kufunga safari kwenda kuona misheni ile, ni hiyo.

Turudi kwenye kuta.

Mafundi wa kimisionari, wengi wao mabruda, walileta Karema na ukanda wote wa ziwa ufundi wa tofali za kuchoma. Udongo ulichimbwa karibu, hasa ule wa vichuguu ambao fundi yeyote wa Katavi hadi leo atakwambia una mshikamano mzuri. Ukakanyagwa, ukafyatuliwa kwa kibao, ukaanikwa, kisha ukapangwa tanuri na kuchomwa kwa kuni siku kadhaa. Kuni hazikuwa tatizo katika nchi ya miombo. Saruji haikuwepo, na kubeba pipa lake kutoka pwani hadi ziwani kichwani mwa mpagazi lilikuwa wazo la kichaa. Tofali ziliunganishwa kwa udongo, na chokaa ilipopatikana.

Uhaba huo ndio uliozaa sura ya makanisa ya aina hii. Fundi wa leo anapofika juu ya dirisha anapiga lenta: nondo nne, zege, kazi imekwisha. Bruda wa 1895 hakuwa na nondo. Alikuwa na njia mbili: boriti la mti, ambalo mchwa wangelimaliza, au tao. Tao halihitaji chuma kwa sababu kila tofali humbana mwenzake na uzito wote huteremka pembeni hadi ukutani. Ndiyo maana kuta za makanisa haya ni nene hivyo, na madirisha yake ni membamba na marefu; dirisha pana lingetaka tao pana, na tao pana lingezisukuma kuta nje. Wengi hudhani matao yale ni urembo wa Kizungu. Urembo umo, hasa katika baraza za nyumba za mapadre ambazo zinakumbusha Algeria walikotoka, lakini chanzo chake ni hesabu ya uzito.

Ukumbi mrefu wa waamini, altare mwishoni, mwanga ukiingia kutoka juu pande mbili: mpango huu ni ule ule ambao Ulaya imeutumia kwa zaidi ya miaka elfu moja. Mtu aliyewahi kuingia kanisa la kijiji huko Uingereza, lenye mnara, uwanja wa makaburi na kuta za mawe, angeuelewa mpango wa Karema bila kuelekezwa. Tofauti ni kwamba kanisa la kijiji la Kiingereza lilikua polepole, kizazi kimoja kikiongeza mnara, kingine dirisha, kingine viti, kwa karne sita au saba. Karema ilipitia hatua zake zote, kutoka kambi ya askari hadi makao ya askofu na kurudi kuwa parokia ya kijijini, ndani ya miaka isiyofika 100.

Maana heshima ya uaskofu nayo iliondoka. Vikarieti ya Tanganyika ilibadilishwa jina kuwa ya Karema mwaka 1946, ikawa jimbo kamili mwaka 1953, na mwaka 1969 jina la Karema likafutwa, likawa Jimbo la Sumbawanga. Tangu mwaka 2000 lipo Jimbo Katoliki la Mpanda, ambalo Karema imo ndani yake, mama aliyehesabiwa miongoni mwa watoto wake. Waanglikana nao, ambao kwa desturi ndio wenye parokia za Kiingereza, walichelewa sana Katavi. Waumini wao wengi ni watu wa Katumba na Mishamo, waliotokana na wakimbizi wa Burundi wa 1972, na Dayosisi yao ya Ziwa Rukwa yenye makao Mpanda ilianzishwa 2010.

Adui mkubwa wa jengo la matofali katika ukanda huu hatoki nje. Yuko chini ya ardhi. Ziwa Tanganyika limekaa ndani ya Bonde la Ufa. Tarehe 13 Desemba 1910 tetemeko la ukubwa wa takriban 7.4 lilipiga eneo la Rukwa, moja ya matetemeko makubwa kabisa kupimwa Afrika katika karne ile. Tarehe 5 Desemba 2005 jingine la ukubwa wa 6.8 lilitokea chini ya ziwa lenyewe na kuangusha nyumba Kalemie, ng'ambo ya pili ya Karema. Nyumba ya miti na udongo huyumba na kutulia. Ukuta wa tofali usio na nondo hauyumbi, hupasuka, na mahali pa kwanza kupasuka ni kileleni mwa tao.

Adui wa pili anakuja kwa nia njema. Kila parokia yenye jengo la kale ina kamati ya ujenzi, na kila kamati ya ujenzi hupenda mfuko wa saruji. Ukuta wa kale uliojengwa kwa udongo na chokaa hunyonya maji ya ardhini na kuyatoa polepole kupitia uso wake. Ukipigwa plasta ngumu ya saruji, maji hayo hukosa pa kutokea. Hubaki ndani, hupanda juu, na tofali huanza kuoza na kuwa unga huku nje panang'aa kwa rangi mpya. Miaka kumi baadaye plasta inabanduka na nusu ya ukuta. Dawa inajulikana na ni rahisi: plasta ya chokaa, mifereji mizuri ya maji ya mvua, na paa lisilovuja. Sherehe ya kuzindua mfereji wa mvua ni ngumu kuialikia mgeni rasmi, na pengine hapo ndipo penye tatizo.

Sasa limeongezeka la tatu, ambalo mtu yeyote wa Katavi analifurahia: bandari. Kwa miongo mingi Karema ilifikiwa kwa MV Liemba, ikitia nanga mbali na abiria wakiteremkia mitumbwi. Serikali imejenga pale bandari ya kisasa kwa gharama inayozidi shilingi bilioni 47, iliyokamilika mwaka 2022, ili mizigo ivuke kwenda Kongo. Barabara itaboreshwa, viwanja vitapanda bei, nyumba za wageni zitaota. Ziwa nalo, lililoikimbia ngome ya Cambier, katika miaka ya karibuni limepanda na kufurika maeneo ya pwani yake kuanzia Bujumbura hadi Kalemie. Mwinuko aliouchagua Mbelgiji, ambao Thomson aliucheka, umegeuka kuwa kiwanja kizuri kuliko vyote, na kiwanja kizuri huwa hakikosi wenye mipango nacho.

Je, sheria inaikinga Karema? Kwa hali ilivyo, si yenyewe kwa yenyewe. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inayatambua moja kwa moja kama kumbukumbu za kale majengo yaliyojengwa kabla ya mwaka 1863. Ngome ya Cambier imeikosa tarehe hiyo kwa miaka 16. Kikomo hicho kilifaa kwa Kilwa, Kunduchi na Kaole, miji ya mawe ya pwani iliyokuwa na karne nyingi. Kwa bara la magharibi hakifai hata kidogo, kwa kuwa karibu kila jengo la kudumu lililobaki Tabora, Kigoma, Rukwa na Katavi lilijengwa baada ya hapo. Kanisa Kuu la Anglikana la Zanzibar, lililoanza kujengwa 1873 penye soko la watumwa, ni rika moja na ngome ya Karema, lakini lenyewe limo ndani ya Mji Mkongwe ambao UNESCO iliuweka katika Urithi wa Dunia mwaka 2000. Karema haina mwavuli wa namna hiyo.

Uingereza ina majengo ya kanisa la kitaifa yapatayo 16,000, na zaidi ya 12,000 yameorodheshwa kisheria. Huwezi kutoboa dirisha bila kibali. Tangu 1969 kuna hata mfuko maalumu wa kutunza makanisa ambayo waumini wake wamekwisha, nao unatunza zaidi ya 350. Kwa Karema hali ni nafuu kuliko hiyo, kwani waumini wapo na kanisa linajaa. Linalokosekana ni karatasi.

Sheria ile ile ya 1964 inampa Waziri mwenye dhamana ya mambo ya kale uwezo wa kulitangaza jengo la baada ya 1863 kuwa kumbukumbu iliyohifadhiwa, kwa tangazo katika Gazeti la Serikali. Halihitaji kampuni ya nje wala mabilioni. Linahitaji ombi kutoka Halmashauri ya Wilaya ya Tanganyika na Jimbo la Mpanda, mchoro uliopimwa wa kuta zilizobaki za 1879 na za baada yake, picha za kila chumba, na orodha ya makaburi, la Atiman likiwa la kwanza. Vyuo vya usanifu vina wanafunzi wanaotafuta pa kufanyia mazoezi ya vitendo, na safari ya Mpanda kwa treni si ghali. Kazi hiyo ifanyike sasa, kabla tofali la kwanza halijatolewa kupisha ghala la bandari.